Kanisa Linalozikana: Kuyasoma Upya Makatakombe ya Roma

Katika mahubiri na katika mafundisho ya katekesimu, makatakombe ya Roma husimuliwa kwa namna moja. Wakristo wa kwanza waliwindwa na dola, wakakimbilia chini ya ardhi, wakaishi gizani vizazi na vizazi wakiadhimisha Ekaristi kwa siri, mpaka Kaisari Konstantino alipowapa ruhusa ya kutoka. Simulizi hilo linagusa moyo, na mhubiri anayetaka kuhimiza uvumilivu hulikuta liko tayari mkononi. Hata hivyo, mahali penyewe panasema jambo jingine. Katika makala hii tunalipima simulizi hilo kwa ushahidi wa njia, michoro na maandishi yaliyomo humo. Hoja yetu ni kwamba makatakombe hayakuchimbwa ili walio hai wapate pa kujificha. Yalichimbwa ili wafu wa Kanisa wapate pa kulala, na walale pamoja, aliye nacho na asiye nacho. Anayeyasoma kama maficho huondoka na sifa za mashujaa wa kale. Anayeyasoma kama makaburi huondoka na deni.

Simulizi la maficho lina wazazi wanaojulikana. Mwaka 1854 Kardinali Nicholas Wiseman wa Uingereza alitoa riwaya yake Fabiola, ambayo jina lake la pili linalitaja Kanisa la makatakombe. Mwaka 1896 mwandishi wa Poland, Henryk Sienkiewicz, alitoa kitabu cha Quo Vadis, ambacho baadaye kiligeuzwa filamu zaidi ya mara moja. Riwaya hizi zimewajenga waamini wengi, nasi hatuzidharau. Zinajua kumfanya msomaji apende ujasiri wa watu wanyonge. Udhaifu wake ni kwamba kaburi humo ni jukwaa tu, mahali pa taa hafifu, minong'ono na hatari. Sienkiewicz huwakutanisha Wakristo usiku kwenye makaburi ya Ostrianum enzi za Nero, Mtume Petro akiwa bado hai, ilhali makatakombe tunayoyajua yalianza kuchimbwa mwishoni mwa karne ya 2, zaidi ya miaka 100 baada ya Nero kufa. Msomaji anawaona walio hai wakipita kwa hofu, lakini waliolala ukutani hawaoni. Na hao ndio wenye mahali pale.

Tuanze na ardhi yenyewe. Sheria ya kale ya Roma ilikataza kuzika ndani ya mji. Kwa sababu hiyo makaburi ya watu wote, wapagani, Wayahudi na Wakristo, yalikuwa nje, kando ya barabara kuu kama Via Appia na Via Salaria. Chini ya ardhi hiyo kuna jiwe la volkano liitwalo tufo, ambalo huchimbika kwa urahisi kwa sululu, na likishapigwa na hewa hukaza. Wayahudi wa Roma walichimba makaburi yao humo, na familia za kipagani pia. Wakristo basi hawakubuni jambo geni. Walichokiongeza ni ukubwa. Katakombe la Mtakatifu Kalisto peke yake lina njia zinazokaribia urefu wa kilomita 20, katika ngazi nne, moja chini ya nyingine. Kuta zake zimejaa mashubaka yaliyopangwa kutoka chini hadi juu. Katika shubaka uliwekwa mwili mmoja, wakati mwingine miwili, ukiwa katika sanda, kisha uwazi ukazibwa kwa vigae au kipande cha marumaru na chokaa. Njia nyingi hazizidi upana wa mita moja. Familia isingeweza kuishi humo hata juma moja, bila hewa ya kutosha, bila maji, na maiti zikioza nyuma ya kigae.

Wala mahali hapo hapakuwa pa siri. Wachimbaji walitoboa mashimo ya kuingiza mwanga na hewa, nayo yalifunguka juu ya ardhi. Serikali ilipajua vizuri. Mwaka 257 Kaisari Valeriani, alipotaka kulibana Kanisa, aliwakataza Wakristo kukusanyika na kuingia katika makaburi yao, na hakuna mtawala anayepiga marufuku mahali asipopajua. Mwaka uliofuata, tarehe 6 Agosti 258, Papa Sisto II aliuawa makaburini pamoja na mashemasi wake. Mtakatifu Sipriani, askofu wa Karthago huko Afrika ya Kaskazini, alimwandikia habari hiyo askofu mwenzake. Baada ya Valeriani, mwanawe Galieno aliwaruhusu maaskofu wayachukue tena makaburi yao. Ushahidi mzito kuliko yote ni kwamba uhuru ulipokuja mwaka 313 makatakombe hayakuachwa. Karne ya 4, karne ya amani, ndiyo iliyoyapanua zaidi. Mtu aliyetoka mafichoni harudi kuyaongezea vyumba.

Haya hayapunguzi hata tone moja la damu ya mashahidi. Watu walikufa kweli kwa ajili ya Kristo, na waamini walikwenda kusali makaburini pao siku ya kumbukumbu yao, ambayo Kanisa liliiita siku ya kuzaliwa. Ndugu wa marehemu nao walikula karamu ndogo ya ukumbusho kaburini. Tunachokataa ni kuyafanya mateso kuwa sababu ya kuchimba. Sababu ya kuchimba ilikuwa kifo cha kawaida: homa, uzazi, uzee, na zaidi ya yote vifo vya watoto wadogo, ambao mashubaka yao mafupi yako kila upande.

Tuangalie sasa maneno waliyoyatumia. Mahali pa kuzikia Wakristo walipaita kwa neno la Kigiriki koimeterion, ambalo maana yake ni mahali pa kulala. Kwa Kiswahili chetu neno la karibu kabisa ni bweni. Aliyewahi kusoma shule ya bweni anajua kwamba kulala humo ni kwa muda, maana asubuhi kengele italia na wote wataamka pamoja. Neno la pili ni la Kilatini, depositus, linaloandikwa mara nyingi kwenye vibao vya makaburi. Wapagani walikuwa na maneno mengi ya kuagana na mfu. Wakristo walipenda kusema kwamba fulani "amewekwa", kama mtu anavyoweka amana. Amana ina mwenyewe, na mwenyewe atakuja kuidai. Vibao vingi ni vifupi: jina, umri, siku ya kuwekwa, na neno amani. Ni mara chache kibao cha Mkristo kutaja kwamba marehemu alikuwa mtumwa au mtumwa aliyeachwa huru, jambo ambalo vibao vya wapagani hulitaja bila shida. Wasiomudu kibao walibandika kitu kidogo kwenye chokaa ikiwa bado mbichi, sarafu, kombe la baharini, kitako cha bilauri ya kioo au kidoli cha mtoto, ili ndugu wakija na taa yao ya mafuta walitambue shubaka lao kati ya maelfu.

Michoro nayo ina maneno yake. Katika katakombe la Prisila kuna chumba cha karne ya 3 chenye picha ya mwanamke aliyejifunika kichwa, ameinua mikono akisali. Pembeni yake wako vijana watatu katika tanuru ya moto, na Abrahamu pamoja na Isaka. Juu yupo Mchungaji Mwema amebeba mnyama mabegani. Katika katakombe lilo hilo yupo mama mwenye mtoto kifuani, na kando yake mtu anayeonyesha nyota, picha inayohesabiwa kati ya zile za kale kabisa za Bikira Maria. Katika sehemu ya kale ya Kalisto amechorwa samaki na kikapu cha mikate, na ndani ya kikapu kinaonekana chombo chenye wekundu wa divai. Yona yuko kila mahali: anatupwa baharini, anatapikwa na nyangumi, amejinyoosha chini ya mtango akipumzika. Yupo Danieli kati ya simba. Yupo Lazaro amefungwa sanda, amesimama mlangoni pa kaburi lililo kama kijumba.

Kama kazi za sanaa, nyingi kati ya picha hizi si bora, nasi hatuna sababu ya kuzisifu kuliko zinavyostahili. Zilichorwa haraka juu ya chokaa, kwa mistari michache, na mafundi waliozoea kupamba nyumba na makaburi ya watu wa dini yoyote. Mikono mara nyingine ni mirefu kupita kiasi, nyuso zinafanana. Mchungaji mwenye kondoo mabegani alikuwako katika sanaa ya Wagiriki kabla ya Ukristo, na Yona anayepumzika amekaa kama vijana wa hadithi za kipagani. Nuhu amesimama ndani ya kijisanduku kinachomfika kiunoni, bila mke, bila wana, bila mnyama hata mmoja. Mtoto wa Shule ya Jumapili angesema kwamba fundi huyo hajaisoma Biblia.

Lakini fundi alijua anachofanya, au waliomlipa walijua. Kwa Kilatini neno la safina ni lile lile la sanduku. Mtu mmoja, ndani ya sanduku, mikono juu akisali, na njiwa anakuja na tawi. Picha hiyo haikukusudiwa kueleza historia ya gharika. Inamzungumzia yule aliyelala katika shubaka la chini yake. Ndivyo zilivyo nyingine pia. Vijana watatu wako ndani ya moto na hawaungui. Danieli yuko kati ya simba na haliwi. Yona ametoka tumboni mwa samaki. Aliyezika mtoto wake alinyanyua taa akaona orodha ya watu ambao Mungu aliwatoa mahali pasipotoka mtu. Orodha ya namna hiyo imo hata katika sala za kale za Kanisa za kuwakabidhi wanaokufa, ambapo Mungu anaombwa aiokoe roho hii kama alivyomwokoa Nuhu, kama alivyomwokoa Danieli.

Na tutazame kile ambacho hakikuchorwa. Kristo msalabani karibu hayupo kabisa katika michoro hii. Mashahidi wakiteswa hawapo katika michoro ya karne ya 3, karne ile ile walipokuwa wakiuawa. Kama makatakombe yangekuwa makao ya watu waliojificha na dhuluma, tungetarajia kuta zilalamike. Hazilalamiki. Zimejaa chakula, maji, mchungaji, na watu waliookolewa. Hapa ndipo simulizi la maficho linapoyakosea makatakombe kuliko penginepo, maana linataka kutuonyesha hofu katika kuta zilizochorwa tumaini.

Tumaini hilo lilikuwa na gharama, na lazima tuulize ni nani aliyeilipa. Kuchimba kilomita za jiwe si kazi ya familia moja. Mwishoni mwa karne ya 2 Tertuliano wa Karthago, akiwatetea Wakristo mbele ya watawala, alieleza kwamba kila mwezi waamini huweka kidogo katika mfuko wa pamoja, kila mtu kwa hiari na kwa uwezo wake, na fedha hizo hutumika kuwalisha maskini na kuwazika, kuwatunza yatima, watumwa wazee na waliovunjikiwa na meli. Kuzika kumetajwa bega kwa bega na kulisha. Huko Roma, mwanzoni mwa karne ya 3, Papa Zefirino alimpa shemasi wake Kalisto usimamizi wa makaburi ya Kanisa kando ya Via Appia. Kalisto alikuwa amezaliwa mtumwa, na aliwahi kupelekwa kwenye machimbo ya Sardinia. Baadaye akawa Papa. Aliyekabidhiwa bweni la wafu alikuwa mtu anayejua jinsi maskini anavyofukiwa.

Tena ipo hati ya kale ya taratibu za Kanisa iitwayo Mapokeo ya Mitume, ambayo kwa desturi huhusishwa na Hipolito wa Roma. Inaagiza kwamba watu wasitozwe gharama nzito kwa kuzikwa makaburini, kwa kuwa mahali hapo ni pa maskini wote. Kinacholipwa ni ujira wa mchimbaji na bei ya vigae. Wanaolinda mahali hapo watunzwe na askofu, ili wanaokuja kuzika wasilemewe. Kwetu sisi, agizo hilo dogo linaeleza makatakombe vizuri kuliko riwaya zote mbili tulizozitaja. Hata adui aliliona. Kaisari Juliani, aliyeukana Ukristo na kutawala hadi mwaka 363, alimwandikia kuhani mmoja wa kipagani kwamba dini hii imeenea kwa sababu ya ukarimu wake kwa wageni na uangalifu wake katika kuzika wafu. Hakutaja hoja za wanateolojia. Alitaja makaburi.

Ukweli unatutaka tuseme pia kwamba bweni hilo halikuwa na usawa kamili. Michoro tuliyoieleza iko zaidi katika vyumba vya familia zenye uwezo, si katika njia za mashubaka ya kawaida. Katika karne ya 4 wachimbaji walianza kuuza nafasi, na vibao vinataja ununuzi huo. Watu waling'ang'ania kulala karibu na mashahidi, kana kwamba ujirani wa mifupa ungewapatia nafasi bora siku ya ufufuko, na kwa kuchimba makaburi yao wakaiharibu michoro iliyokuwapo. Papa Damaso, aliyeongoza Kanisa kuanzia mwaka 366 hadi 384, ndiye aliyeyatengeneza makaburi ya mashahidi na kuyatungia mashairi yaliyochongwa kwenye marumaru. Katika chumba walimozikwa Mapapa, huko Kalisto, shairi lake linasema kwamba naye angetamani kuwekwa hapo, ila aliogopa kuyasumbua majivu ya watakatifu. Akazikwa kwingine. Mtu mwenye mamlaka yote juu ya mahali pale alijinyima nafasi ambayo wenye fedha walikuwa wakiinunua.

Kwa nini tuyaseme haya kwa waamini wa leo? Kwa sababu sisi nasi ni watu wanaozikana. Lugha yetu imeliundia jambo hilo kitenzi chake, na jirani asiyezikana na wenzake huonekana amejitenga. Msiba ukitokea, turubai hufungwa, kamati hukaa, daftari la michango hufunguliwa. Hilo ni jema, na Tertuliano angelitambua. Lakini ndani ya daftari hilo mengine yameingia: jeneza la fahari, sare za kitambaa kimoja, mpiga video, kaburi la vigae vya kung'aa, chakula cha mamia ya watu. Familia hubaki na madeni huku mjane akihesabu ada za shule. Na upande wa pili yupo asiye na kamati: kibarua aliyekuja mjini peke yake, mzee aliyewazika wanawe wote, mgonjwa ambaye mwili wake unakaa mochwari kwa sababu bili haijalipwa.

Pamoja na hayo, baadhi ya maparokia huuliza swali la kwanza kabla hata ya pole: je, marehemu alishiriki jumuiya, alitoa zaka? Swali hilo lina sababu yake. Jumuiya ndiyo inayomfahamu mtu, na padre hawezi kumjua kila mmoja. Mtu aliyelikimbia Kanisa miaka yote hawezi kulifanya gari la kubebea jeneza. Kanisa la kale nalo lilikuwa na nidhamu, tena kali. Lakini nidhamu ni jambo moja, na kuligeuza kaburi kuwa risiti ni jambo jingine. Sheria ya Kanisa ya mwaka 1983, katika kanuni ya 1181, inaonya kwamba katika mazishi pasiwepo upendeleo wa watu, na kwamba maskini wasinyimwe mazishi yanayostahili. Sauti hiyo ni ile ile ya Mapokeo ya Mitume, miaka kama 1,700 baadaye, na kurudiwa kwake kunaonyesha kwamba kishawishi chenyewe hakijazeeka. Kuzika wafu kumo katika matendo ya huruma ya kimwili tunayowakaririsha watoto wetu, na Tobiti aliyefanya hivyo hakuwauliza wafu kadi.

Basi mtu akitaka kuyaheshimu makatakombe, si lazima apande ndege kwenda Roma. Kila parokia inaweza kuwa na mfuko mdogo wa mazishi ya wasio na mtu, unaochangwa kila mwezi kwa hiari, kama ule wa Karthago. Kila jumuiya inaweza kukubaliana juu ya jeneza la kiasi na chakula cha kiasi, kwa tajiri na kwa maskini, ili asiye nacho asione aibu kufa. Katika mwezi wa Novemba tunapowaombea marehemu, yasomwe pia majina ya waliozikwa na parokia kwa sababu hawakuwa na ndugu, maana jina lilikuwa kitu cha mwisho ambacho Wakristo wa Roma walijitahidi kulinda, hata kwa kubandika kombe kwenye chokaa.

Mashubaka yale sasa mengi ni matupu. Mifupa imehamishwa, vigae vimevunjwa, na wageni hupita na viongozi wao wakisikiliza habari za mateso. Ukutani Nuhu bado amesimama ndani ya sanduku lake, ameinua mikono, akimngoja njiwa kwa niaba ya mtu ambaye jina lake limefutika. Mtu huyo aliwekwa amana mikononi mwa Kanisa, na Kanisa lilimchimbia nafasi. Kabla ya mwaka huu kwisha, yupo mtu katika mtaa wetu atakayekufa bila wa kumchimbia. Tukutane jumuiyani Jumamosi hii tuulizane ni nani, na ni nani atakwenda.